Rehani ya Nyumba ya Jamaa na Mamlaka ya Mahakama

Watu wengi, wa mwambao na wa bara, wasomi kwa wasiosoma, wameshika itikadi moja kuhusu mikopo ya benki ambayo, kwa kuwa hawajapata kuipima, huzidi kuwakaa vifuani: ya kwamba benki haiwezi kuiuza nyumba ya mtu mpaka iende kwanza mahakamani, ishitaki, isikilizwe na kupewa hukumu. Katika Kenya, nchi ambayo makala haya yanaihusu hasa, itikadi hiyo si sahihi. Sheria ya Ardhi ya mwaka 2012 imempa mwenye kushika rehani uwezo wa kuuza kwa mkono wake mwenyewe, bila ya kumwomba jaji idhini, maadamu amezitimiza ilani zilizoamriwa: kwanza ilani isiyopungua miezi 3 kwa mwiwa aliyeshindwa kulipa, kisha ilani ya siku 40 ya kusudio la kuuza, na baada ya hapo dalali, kwa kanuni za kazi yake, hana budi kumpa mwenye mali siku 45 za mwisho za kuikomboa, ndipo mnada utangazwe. Ukizijumlisha siku hizo utapata karibu miezi 6, muda ambao aghalabu hupita kwa mashauri ya ndani, ahadi, na safari za kwenda kwa meneja wa benki kuomba nafasi.

Natija ya mpango huo ni kwamba anayebisha hodi mahakamani si benki, bali ni jamaa wa nyumba. Wao ndio wadai. Wao ndio wenye kutafuta zuio la muda ili mnada usimamishwe. Na kwa kuwa wengi huenda katika juma la mwisho, dalali akiwa amekwisha kubandika karatasi yake mlangoni, daawa yao huandikwa kwa haraka na kupelekwa kwa hati ya dharura katika mahakama yoyote iliyo karibu au ambayo wakili ameizoea. Siku ya kusikilizwa, wakili wa benki husimama, na badala ya kusema neno juu ya deni, riba au ilani, husema kwamba mahakama hii haina mamlaka ya kuisikiliza kadhia hii. Jamaa waliokuja na nyaraka zao za miaka kumi hushangaa kuona asubuhi nzima ikiishia katika mabishano juu ya vifungu vya Katiba, wala jina la marehemu baba yao halikutajwa hata mara moja.

Hoja hiyo ya wakili si ujanja mtupu, ingawa wapo wanaoitumia kwa ujanja. Mamlaka ndiyo asili ya kila tendo la mahakama. Mwaka 1989 Mahakama ya Rufani ya Kenya, katika shauri maarufu la meli iitwayo Lillian S, iliweka kwa kalamu ya Jaji Nyarangi kanuni ambayo hadi leo hairukwi na wakili yeyote: kwamba mamlaka ni kila kitu, na mahakama ikigundua kwamba haina, haifai kupiga hata hatua moja zaidi, bali huziweka chini zana zake papo hapo. Hukumu iliyotolewa bila mamlaka ni batili tangu mwanzo, hata kama jaji alipima ushahidi kwa insafu na kufikia lililo haki, na hata kama wahasimu wote wawili waliridhia kusikilizwa naye. Kwani mamlaka hayatokani na ridhaa ya watu, bali hutoka katika Katiba na sheria peke yake.

Zamani jambo hili halikuwa zito sana, kwa sababu Mahakama Kuu ilikuwa na uwezo usio na mpaka katika mambo ya madai, ya ardhi na ya deni pamoja. Katiba ya mwaka 2010 ndiyo iliyoligawa fungu hilo. Kwa ibara yake ya 162 iliamuru ziundwe mahakama nyingine zenye daraja sawa na Mahakama Kuu, moja ya kazi na ajira, na moja ya mazingira na ya matumizi, ukaaji na milki ya ardhi. Na kwa ibara ya 165 ikaikataza Mahakama Kuu isiyaguse mambo yaliyotengewa mahakama hizo. Sheria ya kuiunda Mahakama ya Mazingira na Ardhi ilipitishwa mwaka 2011. Mtu angeweza kudhani kwamba usawa wa daraja maana yake ni kwamba jaji wa huku aweza kumsaidia jaji wa kule, lakini Mahakama ya Upeo ililikatia neno hilo mwaka 2017, katika shauri la jinai lililotoka pwani, ambamo jaji wa ardhi alikuwa ameketi kusikiliza rufani ya wafungwa: ikasema kwamba usawa wa daraja si usawa wa mamlaka, na rufani ile ilibidi isikilizwe upya.

Sasa tuirejee rehani. Je, rehani ya nyumba ni jambo la ardhi, au ni jambo la deni? Mtu wa kawaida atajibu pasi na kusita kwamba ni la ardhi, kwa kuwa kitakachouzwa ni ardhi. Na kwa muda wa miaka kadhaa mawakili wengi nao walijibu hivyo, wala hawakuwa na kosa la dhahiri. Kanuni zote za rehani, tangu kuandikwa kwake hadi kuuzwa kwa mali, zimo ndani ya Sheria ya Ardhi. Na Sheria hiyo hiyo, katika kifungu chake cha 150, inasema kwamba migogoro inayozuka chini yake itasikilizwa na Mahakama ya Mazingira na Ardhi. Msomaji aliyeifungua sheria na kuyasoma maneno hayo angehitaji ujasiri mkubwa kwenda mahakama nyingine.

Lakini mwaka 2017 Mahakama ya Rufani, katika shauri kati ya Co-operative Bank of Kenya na baadhi ya wateja wake, ililitazama jambo hili kwa jicho jingine. Majaji waliuliza kwanza maana ya matumizi ya ardhi, wakasema kwamba kutumia ardhi ni kuufanyia kazi uso wake, au hewa iliyo juu yake, au tabaka zilizo chini yake, kama vile kulima, kujenga au kuchimba. Ilhali mwenye kuweka rehani haitumii ardhi kwa kitendo hicho, bali anaitoa haki yake iwe dhamana ya fedha. Kisha wakatazama kiini cha ugomvi uliokuwa mbele yao, wakaona kwamba ulihusu kiasi cha fedha kinachodaiwa baina ya benki na mteja wake, yaani hesabu iliyozaliwa na mkataba wa mkopo. Na hesabu za mikopo ni mambo ya madai ya kawaida, ambayo mahali pake ni Mahakama Kuu. Kwa mujibu wa hukumu hiyo, kuwapo kwa hati ya ardhi katika kadhia hakuigeuzi kadhia kuwa ya ardhi.

Nakiri kwamba mantiki ya hukumu hii ni madhubuti, na aliyewahi kuona jinsi hesabu za riba na adhabu za kuchelewa zinavyoandikwa atafahamu kwa nini majaji waliozoea mambo ya biashara wanafaa zaidi kuzichambua. Hata hivyo siwezi kuacha kusema kwamba raia ametwishwa mzigo usio wake. Bunge liliandika jambo moja katika kifungu cha 150, mahakama ikalifasiri kwa namna ambayo raia hawezi kuing'amua kwa kukisoma kifungu hicho, na gharama ya tofauti baina ya maandishi na tafsiri haikumwangukia mtunga sheria wala jaji, bali iliwaangukia wale walioifuata sheria kama ilivyoandikwa. Benki hazikupungukiwa na kitu, kwa kuwa uwezo wao wa kuuza hautegemei mahakama. Kila siku inayopotea katika mabishano ya mamlaka huipotea nyumba.

Pamoja na hayo, haikusemwa kwamba kila ugomvi wenye benki ndani yake ni wa Mahakama Kuu. Hapa ndipo mali ya jamaa inapoleta taabu yake ya pekee, na hapa inafaa tusimame kidogo.

Tuchukulie kwamba mzee mmoja wa Mombasa amefariki, ameacha nyumba na watoto watano, na mwana mkubwa, kwa njia ambazo ndugu zake hawazijui, ameihamisha hati kwa jina lake peke yake, akaenda benki, akakopa, akashindwa kulipa. Dada zake wanapata habari kwa karatasi ya dalali. Hawa hawakukopa, hawabishani juu ya riba, wala hawana haja ya kujua deni limefika kiasi gani. Wanachosema ni kwamba nyumba ile haikuwa ya kaka yao peke yake, na kwa hiyo hakuwa na uwezo wa kuitia rehani zaidi ya fungu lake. Ugomvi wao ni wa milki, na milki ya ardhi ni fungu la Mahakama ya Mazingira na Ardhi kwa maneno wazi ya Katiba. Wanayo pia silaha ya kisheria: Sheria ya Usajili wa Ardhi ya mwaka 2012 inazitambua amana, pamoja na amana za kimila, kuwa haki zinazoifuata ardhi hata kama hazikuandikwa katika daftari, na Mahakama ya Upeo, mwaka 2018, ilieleza kwamba mwenye kudai amana ya kimila si lazima awe anaikalia ardhi yenyewe, bali athibitishe kwamba ardhi ilikuwa ya jamaa au ukoo kabla ya kusajiliwa, kwamba yeye ni wa jamaa hiyo kwa nasaba isiyo ya mbali mno, na kwamba angestahili kusajiliwa lau si mambo yaliyozuka kati.

Lakini tazama jinsi daawa yao inavyoandikwa. Wakili, kwa kutaka kuitia nguvu, huongeza kwamba ilani hazikutolewa kwa utaratibu, kwamba riba imepita kiasi, kwamba bei iliyokadiriwa ni ndogo. Kila neno analoliongeza linaivuta kadhia kutoka katika milki na kuipeleka katika deni, kwa kuwa mahakama, zinapokutana na kadhia yenye sura mbili, huuliza lipi ndilo jambo kuu na lipi ni la kufuatia tu, kipimo ambacho jaji mmoja wa Mahakama Kuu alikieleza kwa ufasaha mwaka 2016 na kikashikwa na wenzake. Kwa hiyo karatasi ile ile iliyokusudiwa kuwaokoa yaweza kuwatoa mahakamani. Wangesema neno lao moja la milki na kuliacha la deni kwa kaka yao aliyekopa, wangekuwa salama zaidi.

Kinyume chake ni jamaa ambayo baba mwenyewe alikopa, mama akatia sahihi, na sasa wote wawili wanalalamika kwamba deni la shilingi milioni 3 limekuwa milioni 9. Hao, hata wakiliita shamba lao urithi wa mababu katika kila ukurasa, ugomvi wao ni wa hesabu, na mahali pao ni Mahakama Kuu, au mahakama ya hakimu ikiwa thamani haikuzidi uwezo wake, ambao kwa hakimu mkuu ni shilingi milioni 20. Wajue pia kwamba mahakama za Kenya zimekariri mara nyingi kwamba mali ikishatiwa rehani imekuwa bidhaa yenye bei, na hasara yake hulipika kwa fedha. Hivyo mapenzi ya mtu kwa nyumba alimozaliwa, ambayo kwa jamaa ndiyo hoja ya kwanza, katika mizani ya zuio la muda hayana uzito mkubwa.

Kati ya hawa wawili yupo mke ambaye hakutia sahihi. Kifungu cha 79 cha Sheria ya Ardhi kinasema kwamba rehani ya nyumba ya ndoa haiwi sahihi ila iwe imetiwa sahihi na mwenye kuiweka pamoja na mwenzi wake anayeishi humo, au uwepo ushahidi kwamba mwenzi huyo aliridhia. Mke huyu habishani juu ya hesabu, wala pengine hadai kwamba hati ni yake. Anasema tu kwamba ile rehani, kwa kukosa ridhaa yake, haikupata kuwa rehani. Je, hilo ni la ardhi au la deni? Ukiifuata roho ya hukumu ya 2017, uhalali wa rehani ni sehemu ya mkataba wa mkopo, na utaelekea Mahakama Kuu. Ukiutazama ukaaji wake ndani ya nyumba ile, utaelekea kwingine. Mimi naona njia ya kwanza ndiyo yenye usalama zaidi kwake, bali sitamlaumu wakili atakayeona vingine. Lenye yakini ni kwamba mke huyu anayo hoja yenye nguvu kuliko ya mumewe, na ni kosa kubwa kuwaweka wote wawili katika daawa moja chini ya wakili mmoja, maana mume ndiye aliyeiambia benki kwamba hana mke, au ndiye aliyempeleka mwanamke mwingine kutia sahihi.

Kwa Waislamu wa pwani iko mahakama nyingine wanayoikimbilia kwanza, nayo ni ya kadhi. Mahakama hizo, ambazo kudumu kwake kulikuwa sharti katika makubaliano ya Oktoba 1963 yaliyouhusu Mwambao, zina mamlaka juu ya hali ya mtu, ndoa, talaka na mirathi, katika kadhia ambazo wahusika wote ni Waislamu na wamekubali kuhukumiwa na kadhi. Benki haina dini. Hata ikiwa inafanya shughuli zake kwa misingi ya sharia, ni kampuni iliyoandikishwa, na kadhi hawezi kuizuia isiuze. Lakini haifai kudhani kwamba safari ya kwa kadhi ni bure. Kwani ni yeye atakayesema nani warithi wa marehemu na kila mmoja fungu lake ni lipi, na hukumu yake hiyo, iliyopatikana mapema, huwa ithibati nzuri ya kupelekwa mbele ya jaji wa ardhi. Taabu ni pale jamaa wanapongoja miaka kumi na tano bila ya kugawa mirathi, kwa haya au kwa kuchelea fitina, kisha wakataka kadhi afanye kwa siku tatu kazi ya miaka hiyo yote.

Aliyekosea mahakama atauliza, haiwezekani faili lake kuhamishwa tu liende panapostahili? Wapo majaji waliofanya hivyo kwa huruma. Lakini kanuni kongwe, iliyotajwa katika shauri la Uganda la mwaka 1968 na kurudiwa na Mahakama ya Rufani ya Kenya mwaka 2019, ni kwamba shauri lililofunguliwa pasipo na mamlaka si shauri, na kisichokuwapo hakihamishiki. Zuio la muda lililopatikana huko huanguka pamoja nalo. Jamaa huanza upya, kwa ada mpya, ilhali siku za dalali zimekwisha. Na nyundo ya mnada ikishaanguka, haki ya mkopaji ya kuikomboa nyumba imekwisha nayo. Baada ya hapo sheria humlinda mnunuzi ambaye hakushiriki katika hila wala hakuijua, na aliyedhulumiwa na mauzo yasiyo ya utaratibu huambiwa amdai fidia aliyeuza. Fidia ni fedha, na fedha hizo aghalabu hupunguzwa kwanza kwa deni lenyewe.

Ndiyo maana naona kwamba ilani ya siku 40 ina thamani kuliko watu wanavyoipa. Sheria inaamuru isipelekwe kwa mkopaji peke yake, bali nakala zake zimfikie mwenzi aliyetoa ridhaa, mwenye kumiliki kwa ubia, mdhamini, na kila anayejulikana kuwa na haki katika ardhi hiyo. Anayeipokea na kwenda kwa wakili juma hilo hilo ana wasaa wa kujiuliza ugomvi wake ni upi hasa. Anayeingoja karatasi ya dalali hana.

Iko pia njia isiyopita mahakamani hata kidogo, nayo ni ya kuandikisha tahadhari kwa Msajili wa Ardhi. Mtu anayedai haki katika ardhi iliyosajiliwa kwa jina la mwingine aweza, kwa kifungu cha 71 cha Sheria ya Usajili wa Ardhi, kuomba daftari liwekwe alama ya kuonya kwamba haki hiyo yadaiwa. Na benki, ambayo haikopeshi bila ya kulitazama daftari, itaiona kabla ya kutoa fedha. Tanzania nayo ina njia kama hiyo. Sheria ya Ndoa ya mwaka 1971, katika kifungu cha 59, inamkataza mume au mke kuuza au kuweka rehani nyumba ya ndoa bila ya ridhaa ya mwenzake, na inasema kwamba maslahi ya mwenzake huyo yanaweza kulindwa kwa kuandikisha zuio. Na Mahakama ya Rufani ya huko ilipata kumkatalia mke aliyekuja baada ya nyumba kuuzwa, kwa kuwa zuio hilo hakuliandikisha. Dada wanne wa mfano wetu wa Mombasa wangeweza kuipeleka karatasi hiyo kwa msajili mara tu baada ya arubaini ya baba yao, na kaka yao angerudi kutoka benki mikono mitupu.